Usiulize Rejesho la Mwezi, Uliza Nyumba Itakugharimu Shilingi Ngapi Mpaka Mwisho

Haya ni maongezi niliyotoa Jumamosi kwenye mkutano wa wanachama wa saccos yetu hapa Morogoro. Wenzetu wa Ifakara na Kilosa walikwama kwa ajili ya mvua, wakaomba wawekewe yote, kwahiyo nimeyaandika kama nilivyoyasema. Yale majedwali ya ukutani nimeyaacha, namba zake nimezisema kwa maneno.

Shikamooni wakubwa zangu. Wadogo zangu hamjambo. Walimu mpo? Manesi mpo? Watu wa kilimo mpo? Haya, nashukuru.

Naomba nianze na swali na kila mtu ajibu kimoyomoyo. Ukienda benki kuuliza mkopo wa nyumba, swali lako la kwanza ni lipi? Najua ni lipi maana nimelisikia miaka tisa nikiwa upande wa pili wa meza, nikiwa afisa mikopo. Mtu anakaa, anaweka mkoba chini, anauliza: "Kaka, kwa mwezi nitakatwa shilingi ngapi?" Basi. Nikimtajia anapiga hesabu ya mshahara wake, akiona theluthi inabaki kama sheria inavyotaka, anasema sawa nipe fomu.

Ndugu zangu, hilo swali ndilo linalotumaliza. Rejesho la mwezi linakwambia kama utaweza kula mwezi huu. Halikwambii umenunua nyumba kwa bei gani. Nyumba umeinunua kwa bei gani? Hilo ndilo swali, na leo nitalirudia mpaka mnichoke.

Kuna dada mmoja muuguzi, sitamtaja, nilimwandikia mimi mwenyewe mkopo wake wa nyumba Kihonda. Namba zake nitazinyoosha kidogo ili hesabu isomeke: mkopo milioni 100, riba asilimia 16 kwa mwaka, miaka 20. Rejesho linakuja shilingi 1,391,256 kila mwezi, yeye na mume wake wanachangia. Watu waaminifu mno, hawakuchelewa hata mwezi mmoja. Mwaka wa tano familia yao ikauza shamba la urithi huko Turiani, akapata mgao wake, akaja ofisini kwangu amevaa vizuri, ana furaha, anasema kaka nimekuja kumalizana na nyie. Alikuwa amepiga hesabu yake kwenye daftari. Miezi 60 mara rejesho, amelipa milioni 83 na laki nne na ushee. Kwahiyo kichwani mwake imebaki kama milioni 17, aweke na riba kidogo, aje na milioni 25 wamalizane.

Nikafungua kompyuta. Salio lilikuwa milioni 94 na laki saba.

Yule dada hakupiga kelele. Aliniangalia akaniuliza, "Kaka, hela yangu iko wapi?" Nami nilikuwa najua jibu, nalijua vizuri kabisa, ila sikuwahi kumwambia siku ile anasaini, maana siku ile alichoniuliza ni rejesho na nilichomjibu ni rejesho. Hicho kitu kimenikaa rohoni mpaka leo na ndio sababu nasimama mbele yenu.

Hela yake ilikwenda wapi? Sikilizeni vizuri hapa maana ndio moyo wa mambo yote. Benki kila mwezi inaangalia deni lililobaki, inalizidisha kwa asilimia 16, inagawa kwa miezi 12, hiyo ndio riba ya mwezi huo. Mwezi wa kwanza deni ni milioni 100, riba yake ni shilingi 1,333,333. Wewe umelipa 1,391,256. Toa. Kilichobaki kupunguza deni lenyewe ni shilingi 57,923. Yaani umetoa milioni moja na laki tatu na tisini na deni limepungua elfu hamsini na saba! Mwezi wa pili riba inashuka kidogo sana, linalokwenda kwenye deni linapanda kidogo sana, na hivyo hivyo. Baada ya miaka mitano yule dada alikuwa amepunguza milioni tano na kidogo tu. Akifika miaka kumi, nusu ya safari, atakuwa ametoa milioni 166 na bado anadaiwa milioni 83. Deni linafika nusu, milioni 50, kwenye mwaka wa 16. Mwaka wa kumi na sita, walimu wangu! Mtoto uliyemzaa siku unasaini anakaribia mtihani wa kidato cha nne na wewe ndio kwanza deni liko nusu.

Na ukimaliza miaka yote 20 umelipa milioni 333 na laki tisa. Kwa mkopo wa milioni 100. Weka na milioni 25 nyingine aliyotanguliza mwenyewe siku ya kununua, nyumba iliyotangazwa milioni 125 amenunua karibu milioni 359. Nyumba umeinunua kwa bei gani? Hiyo ndio bei.

Mzee mmoja pale mbele, mwalimu wangu wa zamani, akanyoosha mkono akasema lakini kijana, hela ya miaka 20 ijayo si sawa na ya leo, hata milioni moja na laki tatu itakuwa nyepesi. Mwalimu yuko sahihi kabisa na nilimshukuru mbele ya wote. Tuchukue mfumuko wa bei wa asilimia 4 kwa mwaka, haupo mbali na tulivyozoea miaka ya karibuni. Ukizirudisha zile milioni 333 kwenye thamani ya hela ya leo unapata kama milioni 230. Kwahiyo mfumuko unakusaidia, kweli, lakini bado umelipa zaidi ya mara mbili ya ulichokopa, kwa sababu bei zinapanda kwa nne na riba yako ni kumi na sita.

Sasa mtu atasema benki ni wezi. Hapana, naomba tusiende huko, maana ukishasema wezi unaacha kufikiri. Wazee mnaikumbuka Benki ya Nyumba, THB? Ile ilikufa mwaka 1995, na baada ya hapo mkopo wa nyumba wa miaka mingi ukawa kitu cha kusikia kwa wenzetu wa nchi nyingine. Mpaka ikaja sheria ya mwaka 2008 ya mikopo ya nyumba, halafu mwaka 2010 ikaanzishwa TMRC, kampuni inayozikopesha benki hela za muda mrefu ili nazo zituamini kwa miaka 15, 20. Tatizo la benki ni kwamba hela tunazoweka sisi ni za muda mfupi, wewe unaweka leo keshokutwa unatoa ada ya mtoto, sasa benki inawezaje kuzifunga miaka 20 kwenye nyumba ya mtu? Alafu kuna serikali nayo inakopa. Kuna nyakati hatifungani za serikali za miaka 20 na 25 zimelipa zaidi ya asilimia 15 kwa mwaka. Kama benki inaweza kuikopesha serikali kwa kumi na tano na isilale na wasiwasi, wewe na mimi atatukopesha nani kwa kumi? Ndio maana riba za nyumba zimekuwa zikicheza kwenye 13 mpaka 19. Najua inaumiza, ila ukijua sababu unajua pia kwamba punguzo lipo ukilitafuta, nenda benki tatu, usiende moja.

Haya, jambo la pili, na hili nawaomba kina baba mnisikilize maana sisi ndio tunapenda sana miaka mirefu. Miaka.

Nilikuwa na walimu wawili, marafiki, shule moja, wamekuja siku moja kukopa kiasi kinacholingana. Mmoja akachukua miaka 20 kwa sababu rejesho ni dogo. Mwenzie mke wake alikuwa amekaa naye, mama mmoja mpole hakuongea muda wote, mwisho akauliza je tukichukua 15 tunaongeza ngapi? Kwa mfano wetu wa milioni 100, rejesho la miaka 15 ni 1,468,701. Tofauti ni shilingi 77,445 kwa mwezi. Elfu sabini na saba! Na jumla yake mpaka mwisho ni milioni 264, badala ya 333. Ile elfu sabini na saba imeokoa milioni 69 na nusu. Yule mama alisema "tutapunguza nyama" wakasaini 15. Nimekutana nao majuzi Msamvu wanashusha mizigo, wana amani.

Sisemi kila mtu achukue 15. Kuna mtu elfu sabini na saba hana, kabisa hana, na ukijibana mpaka ukashindwa kulipa ni hatari kubwa kuliko riba. Nasema uliza. Mwambie afisa akupigie ya 20, ya 15 na ya 10 kwenye karatasi moja, na chini ya kila moja aandike JUMLA. Akikwambia mfumo hautoi jumla, chukua simu yako zidisha rejesho mara miezi. Sekunde kumi.

La tatu, riba inayobadilika. Hapa ukumbi ulikaa kimya na nikajua wengi yamewakuta.

Mikataba mingi ina mstari mmoja unaosema benki inaweza kubadili riba kutokana na hali ya soko. Mstari mmoja, ukurasa wa nne au wa tano huko, na wewe siku hiyo unawaza rangi ya geti. Kuna kaka mmoja wa kilimo alikuwa na deni changa, mwaka wa kwanza haujaisha, ikaja barua riba imetoka 16 imekuwa 18. Akapiga simu, akaambiwa na mtu wa zamu usijali rejesho lako litabaki lile lile. Akafurahi. Ndugu zangu, angalieni hesabu. Deni bado linakaribia milioni 100, kwa asilimia 18 riba ya mwezi mmoja ni kama milioni moja na nusu. Yeye analipa milioni moja na laki tatu na tisini. Rejesho halitoshi hata riba! Maana yake kila mwezi analipa, anabana familia, na deni linaongezeka. Aligundua baada ya miezi mingi. Ili amalize ndani ya miaka 20 ilibidi rejesho liwe kama 1,543,000, yaani laki moja na nusu zaidi kila mwezi, na hiyo ukiizidisha miaka 20 ni zaidi ya milioni 36. Kwa asilimia mbili tu.

Kwahiyo kabla ya kusaini uliza: riba hii imefungwa kwa miaka mingapi? Ikibadilika inafuata nini? Nitapewa taarifa muda gani kabla? Na ikipanda, nitaongezewa rejesho au miaka? Majibu yawe kwenye mkataba, ya mdomoni yanabaki na aliyesema na kesho anahamishwa tawi. Na nyumbani mjipimie kwa riba iliyo juu kwa asilimia tatu, mkiona hapo mnakufa basi nyumba hiyo ni kubwa kwenu, tafuteni ndogo.

Gharama za pembeni sitakaa nazo sana. Kuna ada ya mkopo, kuna mthamini, kuna mwanasheria, kuna ushuru wa stempu na kusajili rehani kwa msajili wa hati, kuna bima ya maisha ya mkopaji na bima ya moto ya nyumba, na hizi bima zinaendelea miaka yote. Alafu nyumba yenyewe inakula: kodi ya ardhi kila mwaka, kodi ya majengo ambayo tangu 2021 inakatwa kwenye LUKU, yaani ukinunua umeme, bati, choo, rangi. Uwe na hela pembeni ya kuyabeba haya, usimalize akiba yote kwenye malipo ya awali. Ila bima ya maisha ya mkopo msiichukie. Mama mmoja alifiwa na mume, bima ikalipa deni lote, watoto wakabaki kwenye nyumba. Ulizeni tu inalipa nini na hailipi nini.

Sasa nije kwenye dawa, maana nisije nikawaacha na huzuni.

Ile hesabu ya riba kuhesabiwa kwenye deni lililobaki, ambayo imetuumiza toka mwanzo, ukiigeuza inakuwa rafiki yako. Kila shilingi unayopunguza kwenye deni mapema haizai riba tena mpaka mwisho wa mkataba. Turudi kwa yule muuguzi. Kama angeongeza laki moja na nusu kila mwezi toka mwezi wa kwanza, mkopo ungeisha miaka 12 na miezi saba. Kumi na mbili badala ya ishirini. Na jumla ingekuwa milioni 233 badala ya 333. Laki moja na nusu kwa mwezi inaokoa milioni mia moja. Naomba nirudie. Milioni mia moja, kiasi kile kile alichokopa!

Lakini, na hapa andikeni, kuna mtego. Mdogo wangu wa damu alifanya hivyo hivyo, kila akiuza mpunga anaweka hela ya ziada kwenye akaunti ya mkopo, miaka miwili. Alipoomba taarifa akakuta ile hela imekaa tu inasubiri kuwa marejesho ya miezi ijayo, deni lenyewe halijaguswa, riba inaendelea kama kawaida. Benki wanasema hakuandika barua. Na kweli hakuandika. Kwahiyo ukilipa ziada andika barua, sema hii hela ipunguze deni lenyewe na rejesho langu libaki pale pale ili miaka ipungue, gonga muhuri nakala yako, na mwezi unaofuata omba taarifa uone salio limeshuka. Na kabla hujasaini mkopo uliza kama kuna faini ya kulipa mapema. Sehemu nyingine ipo, na faini hiyo inaweza kujadiliwa kabla ya kusaini, baada ya hapo hakuna wa kukusikiliza.

Dada mmoja akauliza, sasa si bora kujenga kidogo kidogo kama wazazi wetu? Swali zuri sana na sitalijibu kwa haraka. Wengi wetu ndivyo tulivyojenga, kiwanja mwaka huu, msingi mwaka kesho, boma linasimama miaka mitatu nyasi zinaota ndani, unapaua, unahamia hakuna dari. Hakuna riba hapo, kweli. Lakini kuna kodi ya pango unayolipa miaka yote hiyo, saruji na nondo zinapanda, fundi anabadilika na anabomoa kazi ya mwenzie, vifaa vinaibiwa. Hizo nazo ni gharama ila hakuna anayekupa taarifa yake kila mwezi. Mimi nikiulizwa na mtu mwenye kiwanja na nidhamu namwambia jenga, ukikwama kopa kidogo umalizie, mkopo wa miaka michache. Mtu asiye na muda wa kusimamia fundi, ana kipato cha uhakika, pango linamla, huyo mkopo wa nyumba unaweza kumfaa, ila aingie akiijua jumla.

Na tafadhali, msifiche wenza wenu. Sheria ya Ardhi ya mwaka 1999 inataka ridhaa ya mume au mke kabla nyumba ya familia haijawekwa rehani, na hiyo sahihi sio ya kusainiwa jikoni mboga ikiwa motoni. Nimeona mama anasoma notisi ya siku 60 imebandikwa mlangoni, ndio anajua kwa mara ya kwanza. Ukiona miezi miwili mbele huwezi kulipa, nenda benki kabla hujakosa hata rejesho moja, omba mpango mpya. Anayekwenda mapema anapokelewa tofauti kabisa na anayezima simu.

Yule muuguzi, mtaniuliza aliishia wapi. Zile milioni 25 za shamba hazikumaliza deni, lakini tulikaa naye tukaandika barua zote ziingie kwenye deni lenyewe, salio likashuka mpaka chini ya milioni 70, rejesho likabaki lile lile. Miaka 15 iliyokuwa imebaki ikawa kama miaka saba. Aliondoka hana furaha aliyokuja nayo asubuhi, lakini aliondoka na karatasi inayoonyesha mwezi wa mwisho ni upi, na aliikunja akaiweka kwenye pochi.

Walio na mikataba, Jumamosi ijayo kuanzia saa tatu asubuhi nitakaa pale ofisi ya saccos na kalkuleta. Leteni mkataba wote sio ukurasa wa kwanza, na taarifa ya mkopo ya karibuni yenye salio. Wenzetu wa Ifakara na Kilosa pigeni picha ukurasa wenye riba na ule wa malipo ya mapema, mpeni katibu, nitawapigia mmoja mmoja. Walio kwenye ndoa njooni wawili.